Milango ya Simbamwene na Amana za Uluguru

Msafara wa Henry Morton Stanley, uliotoka Bagamoyo mwezi wa Machi mwaka 1871 kwenda kumtafuta Daktari Livingstone, ulipofika chini ya milima ya Uluguru katika mwezi uliofuata ulikuta jambo ambalo kiongozi wake hakulitazamia kuliona bara: mji wenye ukuta wa mawe, wenye mnara katika kila pembe na lango katika kila upande, uliojengwa kando ya mto na kukaliwa na watu ambao yeye aliwakadiria kuwa elfu tatu, kisha kwa jinsi nyumba zilivyosongamana akaona afadhali aseme elfu tano. Aliyeujenga ni Kisabengo, Mzigua aliyekuja na watu wake akajitwalia nchi kwa nguvu na kuwatisha jirani kwa kuteka watumwa. Naye alikuwa amekwisha kufa, na binti yake, Simbamwene, ambaye jina lake na la mji lilikuwa moja, ndiye aliyetawala na kutoza hongo misafara ya Pwani. Stanley aliandika mengi juu ya mji huo na juu ya malkia wake, na mengine aliyaandika kwa hasira ya msafiri aliyedaiwa nguo asizopenda kuzitoa. Lakini lenye faida kwetu ni maneno yake machache juu ya milango. Anasema kwamba katikati ya kila upande wa ukuta palikuwa na mlango wa mbao ngumu, uliotiwa nakshi ndogo ndogo zilizofumana kwa namna ya Kiarabu, naye akakisia kwamba milango ile ilichongwa Unguja au mahali pengine mwambaoni, ikachukuliwa hadi Simbamwene ubao kwa ubao.

Kama alikisia sawa, basi na tutazame gharama ya jambo hilo. Mzigo wa mpagazi katika siku zile aghalabu ulikuwa frasila mbili, na njia ya kutoka Pwani, kwa msafara uendao vema, ilikuwa ya majuma mawili, yenye mito isiyo madaraja na matope ya masika. Miimo, kizingiti cha juu, mfaa na mbao zenyewe, kila kimoja kilihitaji mabega ya kukibeba na posho ya mbebaji, na fundi wa kuviunga vilipofika. Na yote hayo yalilipwa kwa nguo, doti za merikani na kaniki, ambazo zingeweza kununua nafaka ya kuulisha mji, au bunduki na baruti za kuulinda. Wala ukuta haukuhitaji nakshi ili uwe ukuta; gogo lisilorandwa lingezuia adui kama ubao uliochongwa. Aliyeagiza milango ile alitaka mgeni atokaye Pwani aione kabla hajaingia, atambue kwamba aliyemo ndani si mtu wa kudharauliwa. Sifichi kwamba mali iliyoilipa ilitoka kwa sehemu kubwa katika biashara ya watu, na kila atakayetaja uzuri wa nakshi zile bila ya kutaja jambo hilo atakuwa amesimulia nusu ya habari. Vitu vya kale huja kwetu pamoja na dhambi za waliokuwa navyo, na mthamini mwaminifu huviandika vyote viwili katika daftari moja.

Mwaka 1872, Stanley aliporejea kutoka Ujiji, masika yalikuwa yamefurika kuliko kawaida, na mto ulikuwa umekwisha kuuzoa ukuta wote wa mbele wa mji ule pamoja na nyumba zipatazo hamsini. Ngome ile haipo tena. Mji wa Morogoro ulikua karibu na hapo, na jina la Simbamwene likabaki midomoni mwa watu.

Juu ya ngome ile, katika miteremko ya milima inayopanda hadi zaidi ya mita 2,600, walikaa Waluguru, ambao wengi wa wazee wao walikimbilia huko kwa sababu ya wateka watumwa wa uwandani, akiwamo Kisabengo mwenyewe. Hawa hawakuwa na malango ya nakshi. Mali yao ilikuwa ardhi, na ardhi ilikuwa ya ukoo, na ukoo ulihesabiwa kwa upande wa mama; kwa hiyo mtoto alikuwa wa tumbo la mama yake, na mwanamume aliyekuwa mkuu wa ukoo alirithiwa na mpwa wake, mtoto wa dada yake, wala si na mwanawe wa kumzaa. Lakini kilichorithiwa hakikuwa mashamba tu. Mrithi alitwaa jina la aliyekufa, na pamoja na jina akatwaa kigoda chake na fimbo yake na vitu vingine vya heshima ambavyo ukoo ule ulivihifadhi. Na tangu siku hiyo aliweza kusema, "Nilipokuja katika bonde hili nalikuta msitu mtupu," akimaanisha mambo yaliyotendwa na mtu aliyefariki vizazi vingi kabla yake, wala hakuna mzee aliyemsikia akamwona mwongo. Kwa desturi hiyo, jina la Kingalu, mkuu wa Kinole upande wa mashariki ya milima, ambaye watu walimwendea kuomba mvua, limeshikwa na watu zaidi ya kumi mmoja baada ya mwingine.

Sasa mtu na ajaribu kukadiria kima cha kigoda cha namna hiyo. Dalali atatazama mti, atapima urefu, atauliza umri, atagusa ufa. Na kwa hesabu yake ataweza kusema ni shilingi kadhaa. Hesabu hiyo si ya uongo, lakini ni ya kitu kingine. Kigoda kile ni hati ya ardhi kwa watu wasiokuwa na karatasi, na ni cheti cha kutawazwa, na ni mahali ambapo mtu asiye hai anaendelea kuketi. Kikitoka katika ukoo huacha vyote hivyo nyuma yake. Anayekinunua hupata mti, na aliyekiuza amepoteza zaidi ya mti, na ile tofauti iliyo kati ya kilichopotea na kilichopatikana haiingii mfukoni mwa mtu yeyote. Hii ndiyo hasara ninayotaka kuisimulia, kwa kuwa ni hasara isiyoandikwa katika daftari la mnada wowote.

Mfano ulio dhahiri kupita yote ni ule wa mwana hiti. Katika nchi za Uluguru, Ukutu, Ukwere, Udoe na Uzaramo, kwa watu wanaohesabu ukoo kwa mama, binti aliyevunja ungo aliwekwa ndani, na zamani kukaa huko kulikuwa kwa miezi mingi, hata miaka, mbali na jua na macho ya watu, huku akifundishwa na wanawake wazima mambo ya unyumba na uzazi. Katika muda huo alipewa mwana hiti, yaani kisanamu cha mti, au wakati mwingine cha kibuyu, ambacho urefu wake haukufika shibiri: kiwiliwili cha mviringo kisicho na mikono wala miguu, matiti madogo, kitovu, na kichwa chenye kishungi kilichogawanyika sehemu mbili kama nywele za mwali zilivyosukwa. Umbo ni hilo tu, na fundi hakuongeza kitu kisichohitajiwa. Nami sijui mchongo mwingine wa nchi hii uliosema mengi kwa alama chache kiasi hicho. Mwali alikitunza kisanamu kile kama mtoto wake: alikiosha, alikipaka mafuta ya nyonyo, alikivika shanga, alikilaza pembeni yake, maana katika malezi hayo alikuwa akijizoeza, na kwa imani ya wazee wake alikuwa akiulinda uzazi wake mwenyewe. Siku ya kutolewa nje kwa ngoma na vigelegele mwana hiti alirudi kwa mwanamke mzima aliyemhifadhi, akamngoja mwali mwingine.

Kwa hiyo kisanamu kimoja kiliweza kupita katika mikono ya mama, binti, mpwa na mjukuu, na kila mmoja wao alikiongezea mafuta na joto la viganja vyake. Umbo hilohilo lilichongwa pia juu ya fimbo, juu ya kichwa cha zeze, katika maegemeo ya viti vya wakuu na katika miti iliyosimikwa makaburini, hata mtu akaanza maisha yake ya utu uzima nalo na kuyamaliza chini yake. Katika jamii ambayo ukoo hauna njia nyingine ya kuendelea ila tumbo la mwanamke, sidhani kwamba palikuwa na kitu chochote nyumbani, dhahabu wala pembe, kilichoweza kuwekwa juu ya hicho.

Katika siku za utawala wa Wajerumani, Daktari Franz Stuhlmann alipanda milima ya Uluguru mwaka 1894, akakusanya mimea, akaandika juu ya nchi na watu wake, na mwaka 1910 alitoa kitabu kikubwa juu ya kazi za mikono na ufundi wa Afrika ya Mashariki. Alikuwa mtu wa elimu, na mengi tunayoyajua juu ya ufundi wa wakati ule tunayajua kwa juhudi yake na ya wenzake. Lakini elimu ile ilikuja ndani ya dola. Mwaka 1889 serikali ya Ujerumani ilikuwa imekwisha kuamuru kwamba vitu vilivyokusanywa katika makoloni na misafara iliyogharimiwa na dola vipelekwe kwanza Berlin, kwenye makumbusho yao ya mambo ya makabila, ambako Felix von Luschan alikuwa mmoja wa wakuu wake. Naye mwaka 1899 akapiga chapa mwongozo wa kuwafundisha maofisa, matabibu na wasafiri namna ya kukusanya, na ndani yake aliwataka waandike kila kitu kimetoka wapi, huitwaje na wenyewe, na hutumiwa kwa kazi gani. Agizo lilikuwa jema. Waliotakiwa kulitekeleza wengi wao walikuwa askari wenye haraka, na vitu vilipatikana kwa kununuliwa, kwa kupewa zawadi, kwa kuchukuliwa katika vijiji vilivyochomwa. Na aliyepora kitu haulizi jina la bibi aliyekuwa nacho. Vikasafirishwa katika masanduku hadi bandarini Dar es Salaam, na kwa sababu bandari iko Uzaramo, mara nyingi sana kitu cha milimani kilifika Ulaya kikiandikwa kuwa cha Kizaramo, na hivyo ndivyo kilivyobaki katika orodha kwa miaka mingi. Mtu akitembelea leo makumbusho ya huko huona kadi yenye namba, aina ya mti, kabila lililokisiwa na jina la Mjerumani aliyekileta. Jina la mwali halimo.

Reli ya kati ilifika Morogoro mwaka 1907, na pamoja nayo ikaingia fedha ya kuhesabiwa kwa wingi, rupia na heller, katika nyumba ambazo awali zilijua pesa chache na reale za fedha. Reale yenyewe ni kitu cha ajabu kwa mthamini: sarafu ile yenye sura ya Malkia Maria Theresia wa Austria huwa na mwaka 1780 hata kama ilipigwa miaka mia baadaye, kwa kuwa wafanyabiashara wa Bahari ya Shamu na wa mwambao hawakuikubali isipokuwa kwa sura na mwaka waliouzoea, na nyingi miongoni mwao ziliyeyushwa na masonara zikawa bangili na mikufu. Sarafu nyingine inayotafutwa na wakusanyaji ni ile ya dhahabu ya rupia 15, yenye tembo mbele ya milima, iliyopigwa Tabora mwaka 1916 kwa dhahabu ya Sekenke wakati Wajerumani walipokuwa wamezingirwa na vita. Zilipigwa kiasi cha elfu kumi na sita tu, na kwa uchache huo bei yake iko juu sana ya uzito wake. Hapa kazi ya mthamini ni nyepesi. Sarafu haina haja ya kukumbuka ilikuwa ya nani, maana ilifanywa kwa makusudi isimjue mtu.

Mwana hiti hakufanywa hivyo, na ndiyo maana soko limemtendea vibaya. Sanaa ya Tanzania haikushughulikiwa sana na wanunuzi wa Ulaya na Marekani kabla ya miaka ya 1980, kwa kuwa macho yao yalikuwa Afrika ya Magharibi na Kongo. Lakini mwaka 1990 Marc Felix alitoa kitabu kizima juu ya maisha na sanaa ya watu hawa wa ukoo wa mama, akakipa jina la Mwana Hiti, na mwaka 1994 maonyesho makubwa ya vinyago vya Tanzania yakafanyika Ujerumani. Elimu ilipata faida, nami siwezi kuikana. Ila pale elimu ilipopita, wachuuzi walifuata. Walipanda vijijini wakiuliza viti vya zamani, fimbo, zeze na vitoto vya mti, wakatoa bei iliyokuwa kubwa kwa mkulima aliye na karo ya shule ya kulipa na ndogo kupita kiasi kwa kitu kile kitakapofika ng'ambo. Simlaumu aliyeuza. Nyumba nyingi zilikuwa zimekwisha kuacha kumweka mwali ndani kwa desturi ya zamani, dini zimebadilika, binti yuko darasani, na kitu kilichokosa kazi yake huonekana haraka kuwa kitu kisicho na kazi.

Lakini tazama ni nini kinacholipiwa huko. Mjuzi wa sanaa akishika mwana hiti hutafuta kwanza ule weusi unaong'aa, ule ulaini wa pembe zilizolika, ule mtiririko wa mafuta ulioingia ndani ya nyuzi za mti. Kwa hayo hutambua kwamba kitu ni cha kweli wala hakikuchongwa juzi kikatundikwa juu ya moshi wa jiko ili kizeeke upesi. Ule weusi ni mafuta ya nyonyo. Ule ulaini ni viganja vya mabinti. Kinachopandisha bei, basi, ni mapenzi yaleyale ya watu ambao majina yao hayakuandikwa, na fedha inalipwa kwa ajili ya alama za mapenzi hayo, ilhali wenye kuyapenda hawatajwi. Kisha muuzaji wa ng'ambo hutengeneza nasaba ya kitu: kilikuwa cha bwana fulani wa Brussels, kikapita kwa bibi fulani wa Paris, kikaonyeshwa mwaka fulani. Nasaba hiyo nayo huongeza bei, nayo huanza siku ile ambayo kitu kilitoka nyumbani kwake. Miaka sitini au mia moja iliyotangulia, ambayo ndiyo iliyokifanya kitu kuwa kile kilivyo, huandikwa kwa neno moja la kabila. Naliona jambo hili kuwa dhuluma, tena dhuluma isiyohitaji mwizi, kwa maana inaweza kutendeka pale ambapo kila mmoja amelipa na kupokea kwa ridhaa.

Sheria haikunyamaza. Palikuwa na sheria ya kuhifadhi majengo ya kale tangu mwaka 1937. Makumbusho ya Dar es Salaam yalifunguliwa mwaka 1940. Na mwaka 1964 ikatungwa Sheria ya Mambo ya Kale, ambayo imevilinda vitu vya mila visiuzwe wala kusafirishwa nje bila ya kibali, na ambayo imeitaja waziwazi milango ya mbao na miimo yake iliyonakshiwa kabla ya mwaka 1940, kana kwamba waliotunga walikuwa wakiifikiria ile ya Simbamwene. Mwaka 1977 Tanzania ilijiunga na mkataba wa UNESCO wa mwaka 1970 wa kuzuia biashara haramu ya vitu vya turathi. Kwa kinyago kimoja cha Kimakonde ushahidi ulitosha: kiliibwa katika Makumbusho ya Taifa mwaka 1984, kikaonekana katika makumbusho ya Barbier-Mueller mjini Geneva, na baada ya majadiliano ya miaka mingi kikarudishwa mwaka 2010. Kilirudi kwa sababu kilikuwa kimeandikwa; makumbusho yalikuwa na kumbukumbu ya kuonyesha kwamba ndicho chenyewe. Mwana hiti aliyetoka katika nyumba ya udongo kule Matombo au Mgeta, hata akionekana kesho katika kabati la kioo, nani atasimama kumdai, na kwa karatasi gani?

Majina hukaa zaidi kuliko vitu. Soko kuu la Morogoro lililofunguliwa Februari 2021 limepewa jina la Chifu Kingalu, na wauza ndizi na mboga za milimani wanaoshuka alfajiri hulitamka kila siku. Ni heshima inayostahili, lakini jina la mkuu lilikuwa na wenyewe wa kulitunza tangu zamani. Majina ya wanawake yaliyomo katika mafuta ya vile visanamu hayana wenye kuyatunza ila wajukuu wao, na wajukuu wanaoyajua wanapungua.

Kwa hiyo msomaji mwenye kitu cha namna hiyo, kiwe kigoda, kiwe bangili ya reale, kiwe zeze lisilo na nyuzi, namsihi asimwendee dalali kabla hajamwendea bibi mzaa mama yake na mjomba wake. Awaulize kilikuwa cha nani, na kabla ya huyo kilikuwa cha nani, kilitumiwa siku gani, kiliwekwa wapi ndani ya nyumba. Ayaandike majibu kwa mkono wake, pamoja na jina la kijiji na mwaka, na karatasi hiyo aifungie pamoja na kitu chenyewe, na nakala yake aipeleke katika Idara ya Mambo ya Kale au makumbusho yaliyo karibu. Akiisha kufanya hivyo, hata kama shida itamlazimisha kukitoa mkononi kwa njia ya halali, asikubali kitoke bila ya karatasi ile.